Rukmani Devi na Sumitra Peries: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Wanawake Wawili wa Sinema ya Kisinhala

Sinema ya Kisinhala ni ipi, na kwa nini wanawake hawa wawili wanazungumziwa pamoja?

Sinema ya Kisinhala ni filamu zinazozungumzwa kwa lugha ya Wasinhala, ambao ndio walio wengi katika kisiwa cha Sri Lanka, nchi iliyojulikana kwa jina la Ceylon hadi mwaka 1972. Sinema hiyo huhesabiwa kuwa ilizaliwa tarehe 21 Januari 1947, kwa filamu iitwayo Kadawunu Poronduwa, yaani ahadi iliyovunjwa, na mwigizaji wake mkuu wa kike alikuwa Rukmani Devi.

Mtu anayeuliza habari za mwanamke aliyekuwa mwigizaji na mwongozaji katika sinema hiyo ya mwanzo huwa, kwa hakika, anauliza kuhusu kazi mbili ambazo kwa muda mrefu hazikukaa katika mikono ya mtu mmoja. Rukmani Devi alikuwa uso na sauti, lakini hadithi aliyoigiza, mahali kamera ilipowekwa na namna mkanda ulivyokatwa viliamuliwa na wanaume. Sumitra Peries, aliyeingia kazini mwaka 1960, hakutokea jukwaani wala katika uigizaji. Alipitia chumba cha uhariri, akafika kwenye kiti cha mwongozaji. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1978, mwaka uleule Rukmani Devi alipofariki. Anayesoma maisha ya mmoja bila ya mwenzake hupata nusu ya habari.

Je, kabla ya 1947 hakukuwa na filamu kisiwani?

Kumbi za sinema zilikuwapo, nazo zilionyesha filamu za Kihindi, za Kitamili, za Kiingereza na za Kimarekani. Mwaka 1925 ilitengenezwa filamu bubu iitwayo Rajakeeya Wickremaya, ikaonyeshwa nje ya nchi, kisha nakala yake ikateketea kwa moto kabla watu wa kisiwani hawajaiona. Ndiyo maana hesabu huanzia 1947, watazamaji walipoisikia lugha yao wenyewe ikitoka kwenye pazia.

Rukmani Devi alikuwa nani, na hilo lilikuwa jina lake halisi?

Halikuwa jina lake la kuzaliwa. Alizaliwa tarehe 15 Januari 1923 huko Ramboda, katika nchi ya milima na mashamba ya chai ya Nuwara Eliya, akapewa jina la Daisy Rasammah Daniels. Wazazi wake walikuwa Wakristo wa jamii ya Colombo Chetty, jamii ndogo ambayo chimbuko lake ni wafanyabiashara waliotoka kusini mwa India, na kwa sababu hiyo mara nyingi anatajwa kuwa Mtamili. Jina la Rukmani Devi ni la jukwaani. Rukmani ni mke wa Krishna katika masimulizi ya Kihindu, na Devi ni jina la heshima lenye maana ya mungu wa kike au bibi mtukufu, ambalo waigizaji wengi wa kike wa India wa zama zile walilipachika mwishoni mwa majina yao.

Kwa hiyo, msichana wa Kikristo mwenye jina la Kiingereza na la Kitamili alichukua jina la Kihindu ili awe nyota wa kwanza wa sinema ya Wasinhala, ambao wengi wao ni Wabuddha. Wakati ule jambo hilo halikumshangaza mtu, kwa kuwa Colombo ya miaka ya 1930 na 1940 ilikuwa mji wa bandari, na miji ya bandari, kama msomaji wa Mombasa au Unguja anavyoelewa vizuri, haikuwa na mazoea ya kumdai mwimbaji cheti cha ukoo.

Aliingiaje katika sanaa?

Aliingia kwa mlango wa tamthilia. Tangu mwishoni mwa karne ya 19 Colombo ilikuwa na mchezo wa kuigiza ulioitwa nurti, uliozaliwa baada ya vikundi vya maigizo vya Waparsi wa Bombay kutembelea kisiwa na kuwaonyesha wenyeji mapazia yaliyochorwa, mavazi ya kumetameta na nyimbo zenye mahadhi ya Hindustani. Mwaka 1911 lilifunguliwa jumba la Tower Hall katika mtaa wa Maradana, nalo likawa makao makuu ya sanaa hiyo. Katika michezo ya awali wanaume ndio waliovaa nguo za kike na kuigiza sehemu za wanawake, na hata wanawake walipoanza kupanda jukwaani, familia nyingi za heshima ziliona kazi hiyo ni fedheha kwa binti.

Rukmani alikuwa bado mtoto alipoonekana katika michezo ya shule na kanisa, na alipofika umri wa kubalehe alikwisha kuigiza sehemu ya Sita katika mchezo uliotolewa kwenye Ramayana, utenzi mkuu wa Kihindu. Kilichomfungulia njia kilikuwa sauti. Alikuwa na sauti nzito kidogo kuliko wasichana wa rika lake, iliyoshika kila neno kwa unadhifu. Baadaye alijiunga na kikundi cha Minerva, kilichoongozwa na mtunzi wa tamthilia B.A.W. Jayamanne wa Negombo, akaolewa na mdogo wake Jayamanne, Eddie, aliyekuwa mchekeshaji wa kikundi. Kuanzia hapo maisha yake ya nyumbani na maisha yake ya kazini yakawa jambo moja: shemeji aliandika, mume alichekesha, naye alilia na kuimba.

Ikiwa alikuwa Mkristo, mbona santuri yake ya kwanza ilikuwa wimbo wa Kibuddha?

Swali hili huulizwa mara nyingi na wasomaji walioizoea Sri Lanka ya magomvi ya kikabila na kidini. Santuri hiyo, Siri Buddhagaya Vihare, aliirekodi mwishoni mwa miaka ya 1930 pamoja na mwalimu wake H.W. Rupasinghe, chini ya chapa ya santuri ya HMV, na inausifu mji mtakatifu wa Buddhagaya nchini India, mahali ambapo Buddha alipata nuru. Rukmani alikuwa kijana wa miaka kumi na kitu.

Jibu jepesi ni kwamba kampuni za santuri zilitafuta wanunuzi, na wanunuzi wengi walikuwa Wabuddha. Jibu hilo ni la kweli, lakini halitoshi. Mwenzake Rukmani katika nyimbo nyingi za wawili alikuwa Mohideen Baig, Mwislamu mzaliwa wa India, ambaye nyimbo zake za Kibuddha zinapigwa hadi leo kila ifikapo Vesak, sikukuu kuu ya Wabuddha. Waimbaji wa zama zile waliuchukulia wimbo wa ibada kuwa kazi ya sanaa inayodai unyenyekevu wa sauti, na wasikilizaji waliukubali unyenyekevu huo bila ya kuuliza mwimbaji huabudu wapi. Msikilizaji wa Kiswahili atakumbuka kwamba Siti binti Saad naye alisafiri kwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri kwa chapa hiyohiyo ya HMV. Bahari ya Hindi ya santuri ilikuwa na njia zake, na Bombay ilikuwa mojawapo ya bandari zake kuu.

Kadawunu Poronduwa ilitengenezwa vipi?

Ilikuwa tamthilia kabla ya kuwa filamu. Kikundi cha Minerva kilikuwa kimeicheza jukwaani kwa mafanikio makubwa, watu wakiufuata mchezo mji hadi mji, na mtayarishaji S.M. Nayagam, Mtamili wa India, akaona kwamba hadithi iliyokwisha kupendwa ni biashara salama. Mwongozaji, Jyotish Sinha, alikuwa Mbengali. Kwa kuwa kisiwani hakukuwa na studio yenye vifaa vya sauti, waigizaji walivuka mlangobahari na kupiga picha kusini mwa India, mbele ya mafundi ambao wengi wao hawakukielewa Kisinhala.

Fikiria maana ya jambo hilo kwa mwigizaji. Anayekuongoza hasikii kama umelitamka neno vizuri au vibaya. Anachoweza kukihukumu ni uso, mkono na mahadhi. Mandhari ya nyuma yako ni ya kuchorwa, taa ni kali, kamera imesimama mahali pamoja, na wewe umekwisha kuizoea sehemu yako kwa kuicheza usiku baada ya usiku mbele ya hadhira iliyokaa mbali. Waigizaji walifanya walichokijua. Walisema kwa sauti ya kufika kiti cha mwisho, wakainua mikono kama jukwaani, na mambo yalipozidi wakaimba.

Watazamaji waliojazana kwenye kumbi za Colombo hawakulalamika. Ilikuwa mara yao ya kwanza kumsikia mtu wa kwenye pazia akiongea kama jirani.

Je, Rukmani Devi alikuwa mwigizaji mzuri?

Inategemea unamlinganisha na nani. Wahakiki wa kizazi kilichofuata, waliolelewa na filamu za Ulaya na za mwongozaji wa Kihindi Satyajit Ray, waliziita filamu za Jayamanne tamthilia zilizopigwa picha, na kwa upande wa kamera hawakukosea. Hadithi zilirudia mambo yaleyale: ndoa iliyokataliwa na wazazi, mali, usaliti, mtumishi mcheshi anayepunguza machozi, na msichana mwema anayeteseka. Filamu zilizofuata katika miaka ya mwisho ya 1940 na mwanzoni mwa miaka ya 1950, kama Kapati Arakshakaya na Weradunu Kurumanama za 1948 au Hadisi Vinischaya ya 1951, hazikutoka sana nje ya uzio huo, ingawa B.A.W. Jayamanne mwenyewe alishika pia kazi ya kuongoza.

Hata hivyo, ukimtazama Rukmani peke yake ndani ya picha hizo, utaona kwamba anafanya kidogo kuliko wenzake. Kope zake hushuka taratibu. Anaposikia habari mbaya husubiri kidogo kabla ya kujibu, na kusubiri huko ni kitu ambacho mwigizaji wa jukwaani hujifunza kwa shida sana, kwa maana jukwaani ukimya huonekana kuwa mtu amesahau maneno. Sehemu yake kubwa ya uigizaji, lakini, imo katika uimbaji. Alikuwa miongoni mwa wachache walioimba nyimbo zao wenyewe wakati ambapo desturi ya Kihindi ya mtu mmoja kuigiza na mwingine kumuimbia nyuma ya pazia ilikuwa ikienea, na kwa sababu hiyo sauti inayozungumza na sauti inayoimba katika filamu zake ni ya mtu mmoja, bila ya mruko ule unaomgutua mtazamaji. Mimi naona hilo ndilo fundisho la kwanza la uigizaji katika sinema ya Kisinhala, ingawa vitabu huliweka chini ya sura ya muziki.

Kwa nini nyimbo za filamu hizo zinafanana na za Kihindi?

Kwa sababu nyingi zilikuwa za Kihindi au za Kitamili, zikavikwa maneno ya Kisinhala. Mtayarishaji aliyekwisha kulipia studio ya India, mpiga kamera wa India na wanamuziki wa India hakuona sababu ya kutafuta mahadhi mapya wakati yapo yaliyokwisha kupendwa. Wapenzi wa taarab wanaoujua mkondo wa nyimbo za Kiswahili zilizochukua mahadhi ya filamu za Bombay hawatahitaji maelezo marefu.

Nyimbo za Rukmani zilizodumu zaidi ni zile zinazomwacha aimbe polepole. Malbara Himidiriye, unaozungumza juu ya asubuhi mapema iliyosheheni maua, bado unaimbwa na vijana ambao hawajawahi kuona filamu yake hata moja.

Je, Rukmani Devi aliwahi kupewa nafasi ya kuamua kazi zake?

Utaratibu wa kikundi cha Minerva haukumwachia nafasi kubwa. Kikundi kilikuwa cha ukoo, na mwenye kalamu ndiye aliyekuwa mkubwa. Jina la Rukmani ndilo lililoandikwa kwa herufi kubwa kwenye mabango na ndilo lililouza tiketi, lakini sehemu aliyopewa iliandikwa kabla ya yeye kuulizwa. Alipoanza kuigiza nje ya kikundi hicho, katika filamu za watayarishaji wengine, alipata sehemu tofauti kidogo, na umri wake ulipoongezeka akahamia kwenye sehemu za akina mama, kama ilivyo kawaida kwa waigizaji wa kike wa karibu kila sinema duniani, huku wanaume wa rika lake wakiendelea kuposa wasichana wa miaka 20.

Ni nini kilichobadilika mwaka 1956?

Tarehe 28 Desemba 1956 ilionyeshwa Rekava, filamu ndefu ya kwanza ya Lester James Peries, kijana aliyeacha kazi katika kitengo cha filamu cha serikali pamoja na mpiga kamera William Blake na mhariri Titus de Silva, ambaye baadaye alijulikana kama Titus Thotawatte. Waliitoa kamera nje ya studio, wakapiga picha kijijini, kwenye mwanga wa jua, na waigizaji wakaambiwa wazungumze kama watu wazungumzavyo. Mwaka 1957 filamu hiyo ilipelekwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Nyumbani haikuleta faida. Watazamaji waliozoea machozi na vichekesho vya Jayamanne walijiuliza mbona kijiji chao kimewekwa kwenye pazia kama kilivyo, kana kwamba hawakijui.

Mabadiliko hayakuja kwa siku moja. Filamu za mtindo wa zamani ziliendelea kutengenezwa na kujaza kumbi kwa miaka mingi, na Rukmani aliendelea kuigiza. Lakini lugha ya wahakiki ilikwisha kugeuka. Kile kilichokuwa fahari kikaanza kuitwa cha kizamani.

Sumitra Peries alifikaje katika sinema?

Kwa njia ndefu sana. Alizaliwa katika miaka ya 1930 katika ukoo wa Gunawardena, ukoo wa kisiasa: baba yake mdogo, Philip Gunawardena, alikuwa miongoni mwa waasisi wa chama cha kwanza cha mrengo wa kushoto nchini. Baada ya masomo yake ya Colombo, katikati ya miaka ya 1950, aliondoka kwenda Ulaya kumfuata kaka yake aliyekuwa akiishi kwenye mashua ya tanga katika Bahari ya Kati. Akiwa Ulaya, mjini Paris, alikutana na Lester James Peries, ambaye Rekava yake ilikuwa safarini kwenye matamasha. Kisha alikwenda London kusomea ufundi wa filamu katika chuo kilichokuwa Brixton, na baada ya masomo alifanya kazi kwenye kampuni iliyoshughulika na kuweka maandishi ya tafsiri chini ya picha za filamu za kigeni.

Kazi hiyo ya mwisho hutajwa kwa haraka, nami naona haifai kupitwa. Anayeweka maandishi ya tafsiri hulazimika kuitazama filamu kipande kwa kipande, kupima sentensi imechukua sekunde ngapi na jicho la msomaji litahitaji ngapi. Aliporudi Ceylon na kuwa msaidizi wa mwongozaji katika filamu ya Sandesaya ya 1960, akiwa mwanamke pekee miongoni mwa mafundi, alikuja na mazoea ya kuhesabu muda ambayo wenzake wengi hawakuwa nayo. Aliolewa na Lester mwaka 1964.

Mhariri wa filamu alifanya nini hasa, na kwa nini kazi hiyo ni muhimu katika habari hii?

Wakati wa mkanda, mhariri alipokea mamia ya vipande vya filamu vilivyopigwa bila ya mpangilio wa hadithi, akavitazama kwenye mashine ndogo yenye kioo, akaviwekea alama kwa kalamu ya nta, akavikata kwa kisu na kuviunganisha kwa gundi au utepe. Sauti ilikuwa kwenye ukanda wake peke yake, na ilibidi ishikamane na midomo ya waigizaji. Kosa la picha moja lilionekana. Kazi ilifanyika chumbani, kwenye joto, kwa majuma mengi, na jina la mhariri lilipita kwenye pazia kabla watu hawajakaa vitini.

Sumitra alihariri Gamperaliya, iliyotokana na riwaya ya Martin Wickramasinghe kuhusu nyumba kubwa ya ukoo wa kale inayoporomoka taratibu huku tabaka jipya la wafanyabiashara likipanda. Filamu hiyo ilipigwa katika nyumba halisi, bila ya nyimbo za kuingiza na kucheza, na mwaka 1965 ilishinda tuzo ya Tausi wa Dhahabu katika tamasha la kimataifa la filamu la India. Uzito wake umo katika ukimya: mtu ametoka chumbani na picha imebaki kwa muda juu ya kiti alichokuwa amekalia. Uamuzi wa kumwacha mtazamaji aendelee kukitazama kiti hicho hukamilika kwenye meza ya mhariri. Baadaye alihariri pia Golu Hadawatha ya 1968, hadithi ya mapenzi ya wanafunzi, ambayo ilithibitisha kwamba filamu ya namna hii inaweza kuwavuta watu wengi kwenye kumbi.

Kwa hiyo, kabla hajaitwa mwongozaji, alikuwa ameamua kwa muda wa zaidi ya miaka kumi uso wa mwanamke utazamwe kwa sekunde ngapi.

Gehenu Lamai inahusu nini, na kwa nini inatajwa sana?

Jina lake lina maana ya wasichana. Ilitokana na riwaya ya Karunasena Jayalath, na ilitoka mwaka 1978, ikiwa filamu ya kwanza ya Sumitra kama mwongozaji. Kusum ni msichana wa familia maskini kijijini, mwanafunzi hodari, anayependana na Nimal, kijana wa nyumba yenye uwezo ambako mama yake Kusum hufanya kazi. Mama wa kijana hakubaliani, na Kusum, aliyefunzwa tangu utotoni kwamba heshima ya nyumba imo mikononi mwake, anajiondoa mwenyewe. Dada yake mdogo anachagua njia nyingine, ya mashindano ya urembo na mwanga wa mji, naye anarudi akiwa mjamzito.

Ukiisimulia hivyo, ni hadithi ambayo Jayamanne angeweza kuiandika mwaka 1947: mapenzi, utajiri, umaskini, mama mkali. Tofauti imo katika mahali pa kutazamia. Katika filamu za Minerva tulimtazama msichana akiteseka. Hapa tunakaa upande wake wa dirisha, tunayaona anayoyaona yeye, na tunaelewa kwamba utii wake ni uamuzi uliomgharimu. Vasanthi Chathurani, aliyekuwa bado msichana wa shule na hajawahi kuigiza filamu, alichaguliwa kuwa Kusum, na kutokujua kwake mbinu za jukwaani kulimfaa mwongozaji. Nakala ya filamu hiyo iliyokarabatiwa ilionyeshwa Cannes mwaka 2025, katika sehemu ya filamu za kale, miaka 47 baada ya kutolewa.

Baada ya hapo alitengeneza filamu zipi?

Kwa jumla aliongoza filamu ndefu 10. Ganga Addara ya 1980, yaani ukingoni mwa mto, ilipendwa sana, na wimbo wake ulioimbwa na Vijaya Kumaratunga umekuwa mali ya taifa zima. Zikafuata Yahalu Yeheli, Maya, na kisha, mwaka 1988, filamu ambayo mimi ningeiweka juu ya zote, Sagara Jalaya Madi Handuwa Oba Sanda. Hiyo ni habari ya mjane maskini wa eneo kame la nchi, iliyoigizwa na Swarna Mallawarachchi, na ilitokana na hadithi fupi ya Simon Navagattegama. Mwanamke huyo ni mkali, hana subira na majirani, wala haombi kuhurumiwa. Miaka 40 tangu Kadawunu Poronduwa, sinema ya Kisinhala ilikuwa imempata mama asiyelazimika kupendeza.

Kati ya 1995 na 1999 alikuwa balozi wa Sri Lanka nchini Ufaransa. Filamu yake ya mwisho, Vaishnavee, ilitoka mwaka 2018, mwaka ambao mumewe alifariki akiwa na umri wa miaka 99. Sumitra mwenyewe alifariki Januari 2023.

Je, ni sahihi kumwita mwongozaji wa kwanza wa kike?

Watu wengi humwita hivyo, na wengine humwita malenga wa sinema ya Kisinhala. Sifa hiyo ya kwanza ingefaa itumiwe kwa uangalifu, maana neno "wa kwanza" huzua ubishi usio na faida. Jambo lisilo na ubishi ni kwamba ndiye mwanamke aliyejenga kazi kamili ya uongozaji, kwa miaka 40, katika tasnia ambayo fedha, studio na usambazaji vilikuwa mikononi mwa wanaume.

Rukmani Devi alifariki vipi?

Tarehe 28 Oktoba 1978 alikuwa akirejea nyumbani Negombo kutoka kwenye tamasha la muziki mjini Matara, kusini kabisa mwa kisiwa, gari lake lilipopata ajali huko Thudella, karibu na Ja-Ela. Alikuwa na umri wa miaka 55. Safari ile yenyewe inaeleza hali yake ya miaka ya mwisho: sehemu za filamu zilikuwa zimepungua, naye alikuwa akiishi kwa kuimba majukwaani, mji baada ya mji, kama alivyofanya kikundi cha Minerva kilipokuwa kikizunguka kabla ya sinema. Umati uliofika kumzika Negombo ulikuwa mkubwa mno, na sanamu yake ilisimamishwa mjini humo.

Je, ni kweli kwamba Watamili walichangia sana kuijenga sinema ya Kisinhala?

Ni kweli. Mtayarishaji wa filamu ya kwanza alikuwa Mtamili, na yeye huyohuyo ndiye aliyejenga studio ya mapema huko Kandana. K. Gunaratnam, mmojawapo wa watayarishaji na wasambazaji wakubwa waliofuata, alikuwa Mtamili, mwenye studio ya Vijaya huko Hendala. Wapiga kamera, wanamuziki na waongozaji wengi walitoka katika jamii hiyo. Mnamo Julai 1983, katika ghasia zilizowalenga Watamili, studio ya Hendala ilichomwa moto pamoja na mikanda iliyokuwamo, na mwongozaji K. Venkat, aliyetengeneza filamu nyingi za Kisinhala zilizopendwa, aliuawa. Rukmani hakuishi kuyaona hayo.

Msomaji asiyejua Kisinhala aanzie wapi?

Aanze na kusikiliza. Wimbo wa Rukmani uitwao Doi Doi Doi Doi Puthe ni wa kubembeleza mtoto; "doi doi" ni sauti anayotoa mama wa Kisinhala akimlaza mwanawe, na "puthe" ni mwana anayeitwa kwa upendo. Mtu aliyelelewa kwa "howa howa mwana howa" atauelewa kabla hajatafsiriwa. Baada ya hapo atazame Gehenu Lamai, kwa kuwa nakala yake ni safi na ina maandishi ya tafsiri, kisha Gamperaliya, akiangalia zaidi mahali ambapo picha inakatwa. Filamu za Minerva aziache mwisho, na akizifikia ayafumbe macho kwa dakika chache Rukmani anapoanza kuimba.